Waridi la jangwa likilegea: bonyeza shina kabla ya kuangalia majani

Masika yangu ya kwanza na mawaridi ya jangwa niliyaanza nikiwa na miche 14, nikayamaliza nikiwa na mitatu. Sikuinyima kitu. Niliimwagilia kila asubuhi kama mchicha, niliipanda kwenye udongo mweusi wa bondeni unaosifiwa kwa rutuba, na chini ya kila chungu niliweka kisahani ili maji yasipotee. Majani yalipogeuka njano, niliongeza maji. Yalipoanza kudondoka, niliongeza mbolea. Mwisho wa Februari nilikuwa nang'oa mashina yaliyolainika kama ndizi iliyopitiliza, na harufu yake ilikuwa ile ya muhogo ulioloweka siku nyingi.

Leo nina kitalu kidogo hapa Tabora, na kila wiki analetwa kwangu mgonjwa mmoja au wawili ndani ya ndoo au mfuko. Karibu kila mwenye mmea anaanza kwa kunionyesha majani. Mimi naanza na shina. Majani ya ua hili yana lugha moja tu, ya kugeuka njano na kuanguka, na yanaisema kwa kila jambo: kiu, maji mengi, baridi, wadudu, hata uzee. Shina ndilo linalotofautisha.

Ua lenyewe wengi wanaliita dezati rozi, na si jamaa ya waridi hata kidogo. Jina lake la kitaalamu ni Adenium obesum, na ukoo wake ni mmoja na mbungo na mtandamboo, mimea inayotoa utomvu ukiikata. Kwao ni nchi kame: kuanzia Saheli, kuja Afrika Mashariki pamoja na Tanzania yetu, hadi rasi ya Arabia. Adenium ni jina lililotoka Aden, mji wa Yemen. Porini utalikuta kwenye mawe na mchanga, katikati ya miti iliyoachana, mvua ikinyesha kwa msimu kisha ikipotea kwa miezi. Lile tumbo lililovimba chini ni tangi la maji. Mmea wenye tangi mwilini hauhitaji kunyweshwa kama mchicha.

Namna ya kubonyeza

Shika sehemu iliyonona, kama upana wa vidole viwili juu ya udongo, ubonyeze kwa dole gumba kuzunguka shina zima. Usibonyeze sehemu moja ukaridhika. Kuoza huanza upande mmoja, mara nyingi upande uliolala au uliokaa kivulini, na upande wa pili ukabaki mgumu kwa wiki nzima.

Likiwa gumu kama papai bichi, tangi limejaa. Tatizo lolote ulilonalo si la kiu, kwa hiyo weka kopo chini. Likibonyea kidogo, ngozi ikiwa na mikunjo kama kiazi kitamu kilichokaa sana jikoni, lakini ukiachia nyama inarudi, basi maji hayaingii: ama hujamwagilia, ama mizizi imekufa. Dole likizama na alama ikabaki, au ukahisi ngozi inateleza juu ya kitu chenye majimaji, hapo pameoza, na una siku chache tu za kuuokoa mmea.

Majani yanageuka njano na kuanguka

Kama ni Juni au Julai na shina ni gumu, acha. Tabora iko juu, kama mita 1,200 kutoka usawa wa bahari, na usiku wa miezi hiyo baridi hushuka hadi karibu nyuzi 15. Hewa ni kavu, mvua iliisha zamani. Mmea unapumzika, kama miombo ya porini inavyopukutisha majani kiangazi. Hapa ndipo watu wengi wanaua ua lao kwa huruma, kwa sababu mmea usio na majani haunywi, na maji unayoupa yanakaa kwenye mizizi yakisubiri kuiozesha. Mimi katika miezi hiyo natoa nusu kopo kila baada ya wiki mbili au tatu, na kwa mmea mkubwa siku nyingine nasahau kwa makusudi.

Ikiwa ni majani mawili matatu ya chini tu, na juu yanachipua mapya, hayo yamezeeka.

Ikiwa ni msimu wa mvua, majani yanaanguka mengi kwa mpigo, na udongo una unyevu hadi chini, usingoje kesho. Chomeka kijiti kikavu hadi kwenye kitako cha chungu, ukiache dakika tano, ukichomoe. Kikitoka cheusi na kimelowa siku nne baada ya mvua ya mwisho, udongo wako haupitishi maji. Hamishia mmea chini ya paa palipo na mwanga, toa kisahani, kisha ubonyeze shina kila asubuhi.

Kuna hali moja inayowachanganya hata wazoefu: shina lina mikunjo na udongo umelowa. Jicho linasema kiu, mkono unakimbilia maji. Kumbe mizizi imeoza, tangi linaishiwa huku limezungukwa na maji. Ng'oa uangalie. Mzizi mzima ni mgumu na ndani ni mweupe. Uliokufa ni wa kahawia, ukiuvuta ganda linatoka kama soksi na kubaki uzi.

Shina limelainika

Kabla ya kushika kisu, jambo moja la usalama. Utomvu wa mmea huu ni sumu inayogusa moyo. Sehemu nyingi za Afrika wawindaji wameutumia kupaka mishale, na hapa kwetu Wahadzabe wa bonde la ziwa Eyasi ni miongoni mwao. Kuugusa ua hakukudhuru, lakini utomvu usiingie machoni, mdomoni wala kwenye kidonda. Vaa glavu au funga mifuko ya plastiki mikononi, ondoa watoto karibu, na ukimaliza osha kisu na mikono kwa sabuni. Vipande ulivyokata vifukie mbali na mbuzi.

Sasa kazi. Ng'oa mmea, kung'uta udongo wote, osha mizizi uone. Chukua kisu kikali, ukipitishe kwenye moto au ukipanguse na spiriti, uanze kukata kutoka sehemu iliyolainika kuelekea iliyo ngumu. Nyama iliyooza ni ya kahawia na ina maji. Endelea mpaka ufike nyama nyeupe tupu. Neno tupu lina maana yake hapa: ukibakiza kidoa cha kahawia chenye ukubwa wa punje ya ulezi, baada ya wiki mbili utarudi kukata tena. Futa kisu kwa spiriti kila unapotoka kwenye nyama mbovu kwenda kwenye nzima.

Nakumbuka mmea mmoja aliouleta mzee wa jirani, shina nene kama mkono wangu. Nilikata robo, nikaona doa. Nikakata nusu, doa likawa dogo. Mzee akaniambia, “Mwanangu, si utabaki na mpini tu?” Nikaendelea. Nilipofika nyama nyeupe, kilichobaki kilikuwa kipande cha urefu wa kiganja chenye matawi mawili. Kipande hicho kilichipua mizizi, na mwaka uliofuata kilitoa maua. Kama ningemwonea huruma kwa kubakiza tumbo lile, angepoteza vyote.

Baada ya kukata, paka salfa ya unga kwenye jeraha kama unayo. Maduka ya pembejeo huwa nayo. Ukikosa, unga wa mkaa mkavu unasaidia kukausha. Kisha uning'inize au uulaze mmea kivulini penye upepo siku 7 hadi 14, mpaka jeraha liwe kavu na gumu kama kovu. Ndiyo, wiki mbili bila udongo na bila maji. Tangi lipo. Ukishakauka, upande kwenye mchanga mkavu, ukae wiki nyingine kabla ya kunyunyiza maji kidogo ya kwanza. Usiweke mbolea yoyote mpaka uone majani mapya.

Udongo ndio chanzo

Mimea yangu 11 iliyokufa iliuawa na udongo zaidi ya mvua. Udongo mweusi wa bondeni na ule wa kichuguu ni mzuri kwa mpunga na matofali, kwa sababu unashika maji. Kwa waridi la jangwa hiyo ndiyo kasoro yake. Hata mchanga mwembamba wa barabarani haufai peke yake, maana ukilowa unashikamana.

Ninachotumia sasa ni sehemu mbili za mchanga mkubwa wa mtoni, wenye chembe unazoziona moja moja, sehemu moja ya mkaa uliopondwa kufikia ukubwa wa punje za mahindi, na sehemu moja ya samadi ya ng'ombe iliyooza kabisa. Wanaoishi karibu na mashine za kukoboa mpunga, kama Igunga na Nzega, wanaweza kuweka pumba za mpunga zilizochomwa badala ya nusu ya mkaa. Kipimo changu ni hiki: jaza chungu, mwaga kopo la maji juu, uhesabu. Kabla hujafika kumi maji yawe yanatoka chini. Yakituama juu, ongeza mchanga. Chungu kiwe na matundu kadhaa yanayopitisha kidole kidogo, na kisiwe kikubwa kuliko mmea. Chungu kikubwa kinabeba udongo mwingi usio na mizizi, na udongo huo haukauki.

Majani ni mazuri, maua hakuna

Swali la kwanza ninalouliza ni saa ngapi jua linaupiga. Chini ya saa sita za jua la moja kwa moja, utapata majani marefu, matawi membamba yanayoegemea upande mmoja, na maua hutayaona. Baraza yenye mwanga mzuri si jua. Ukiuhamisha, uhamishe polepole: wiki moja jua la asubuhi tu, kisha uongeze. Uliotoka kivulini ukautupa kwenye jua la saa nane la Oktoba, shina linaungua upande mmoja, linatoa baka jeupe linalogeuka la kahawia, na baka hilo ni mlango wa kuoza mvua zikija.

Swali la pili ni mbolea gani. Urea ina naitrojeni asilimia 46, na mmea ulioshiba naitrojeni unatoa majani tu. Hapa kwetu nyumba nyingi zina mabaki ya mbolea ya tumbaku, NPK 10:18:24, na hiyo inafaa zaidi kwa sababu naitrojeni yake ni ndogo kuliko fosforasi na potashi. Mimi nayeyusha kijiko kimoja cha chai kwenye lita 5 za maji, natoa mara moja kwa mwezi wakati mmea unakua, tena juu ya udongo uliokwisha kulowa. Juni na Julai sitoi kabisa.

Swali la tatu ni umri. Mche wa mbegu unaweza kuchukua mwaka mmoja hadi miwili kabla ya ua la kwanza. Huo hauna tatizo.

La nne ni lile watu wasilolipenda: hujawahi kuukata. Maua hutokea kwenye ncha za matawi, hivyo mmea wenye matawi matatu marefu una sehemu tatu tu za kuchanua. Mwisho wa Agosti, baridi ikiisha na mvua bado, napunguza kila tawi nibakize kama urefu wa kiganja. Kila lililokatwa hutoa machipukizi mawili au matatu. Usikate wakati wa mvua, jeraha halitakauka.

Vitumba vinaanguka kabla ya kufunguka

Mara nyingi ni mabadiliko ya ghafla. Chungu kilihamishwa, au mmea uliachwa ukauke kabisa kisha ukamwagiwa ndoo nzima, au mvua kubwa ya kwanza ya Novemba ilipiga vitumba moja kwa moja. Ukishaona vitumba, acha chungu palepale na mwagilia udongo, si maua.

Lakini geuza kitumba uangalie chini. Ukikuta vijidudu vya njano vyenye miguu myeusi vimerundikana, hao ni vidukari, na sisimizi wanaopanda shina wamefuata utamu wanaoutoa. Wapige kwa maji ya nguvu, kesho yake urudie, kisha upulizie dawa ya mwarobaini: majani mabichi ya kujaza mikono miwili, yatwangwe, yaloweke usiku kucha kwenye lita 2 za maji, yachujwe, uongeze kijiko kidogo cha sabuni ya maji. Pulizia jioni tu. Mchana wa jua majani yataungua.

Pamba nyeupe kwenye makwapa ya majani ni vidung'ata, ndugu wa wale wanaosumbua muhogo. Wapanguse kwa pamba iliyochovywa spiriti, mmoja mmoja. Mmea ukiendelea kudhoofu na juu husioni kitu, ng'oa: kuna vidung'ata wanaokaa kwenye mizizi, na dalili yao ni ungaunga mweupe ndani ya chungu. Osha mizizi yote, tupa udongo ule.

Majani yakipauka na kuwa na vidoa vidogo kama vya vumbi, hasa Septemba na Oktoba joto likiwa kavu, gonga jani juu ya karatasi nyeupe. Vidoa vikianza kutembea, ni utitiri. Hao hawapendi unyevu; osha upande wa chini wa majani kila baada ya siku tatu na uondoe yaliyochoka.

Na ikiwa jana mmea ulikuwa na majani na leo ni vijiti, tafuta kiwavi. Ni mnene, wa kijani, ana kipembe nyuma na madoa mawili ya buluu karibu na kichwa yanayofanana na macho. Ni mtoto wa nondo mkubwa ambaye sumu ya mmea huu haimdhuru. Ndiyo chakula chake. Mtoe kwa mkono. Mmoja au wawili hawastahili dawa, na mmea wenye shina gumu utachipua ndani ya wiki chache.

Tumbo halinenepi

Uliza ulipandwaje. Uliotokana na kipande cha tawi kwa kawaida haufanyi tumbo lile la duara. Unakua kama kichaka cha kawaida. Maua utapata, umbo hapana. Anayetaka tumbo apande mbegu. Ua likichavushwa, mmea hutoa maganda mawili mawili kama pembe za mbuzi. Yafunge kwa kipande cha chandarua kabla hayajapasuka, kwa sababu kila mbegu ina manyoya kwenye ncha zote mbili na upepo utazichukua zote mchana mmoja. Mbegu mpya ya msimu huo huota ndani ya wiki hivi.

Mmea uliotoka Tabora kwenda Kigoma

Mama mmoja wa Ujiji alinunua mmea kwangu, akausafirisha kwa treni, akafuata maelekezo yangu neno kwa neno. Baada ya miezi miwili alinipigia: shina linabonyea. Kosa lilikuwa langu. Kigoma iko chini, ufuko wa Ziwa Tanganyika uko kama mita 770 tu, usiku una joto na hewa ina unyevu wa ziwa. Udongo unaokauka kwangu kwa siku tatu, kwake ulihitaji wiki. Na Juni, wangu ukipukutisha, wake ulibaki na majani.

Kwa hiyo msomaji wa Kigoma, usihesabu siku. Ongeza mchanga mpaka ufike sehemu tatu badala ya mbili, usiuegeshe ukutani pasipo na upepo, na masika yakikolea uweke chini ya paa. Mmea ukibaki na majani mwaka mzima, endelea kuumwagilia kidogo kiangazi, lakini tu pale kijiti kitakapotoka kikavu.

Ua limebadilika rangi

Ulinunua ua jekundu lenye petali za tabaka tabaka, sasa linatoa la waridi la kawaida lenye petali tano. Hukudanganywa. Mimea hiyo mingi asili yake ni wazalishaji wa Thailand na Taiwan, nayo hubebeshwa kama miembe ya kisasa: kikonyo, yaani kijitawi cha mmea wenye ua zuri, juu, shina la mbegu chini. Shina la chini likitoa chipukizi lake, linakua kwa kasi na kukinyima kikonyo chakula, hadi kinakauka kimyakimya. Tafuta kovu la kiungo, kwa kawaida ni mzingo mdogo uliovimba kwenye shina au tawi. Chochote kinachochipua chini ya hapo king'oe kwa kidole kingali kidogo. Kilichokwisha kuwa tawi kikate karibu kabisa na shina, siku kavu, upake salfa, na usimwagilie siku nne.